SOMO LA IJUMAA: KOPO, MIZANI NA HAKI YA MCHIMBAJI

Bismillahir Rahmanir Rahim.

Sifa zote njema ni za Allah (S.W.T.), Mola wa viumbe vyote, na rehma na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na masahaba zake wote. Ama baad.



Leo nataka tuzungumze habari ya kopo. Kila anayekwenda sokoni kununua mchele analijua kopo la maziwa ambalo tako lake limepigwa nyundo likaingia ndani. Kwa juu limejaa mpaka linafanya kichuguu, na mama anashukuru, anafunga kitambaa chake, anakwenda. Akifika nyumbani akaumimina mchele ule katika kopo lake mwenyewe, anakuta haujafika ukingoni. Ni vidole viwili tu. Lakini vidole viwili kwa kila kopo, na gunia moja lina makopo mangapi? Na muuzaji huyohuyo anapokwenda kununua mchele kwa wakulima, njia ya Kasongo, kopo hilo analiacha nyumbani. Anabeba lingine, ambalo tako lake limepigwa likatoka nje.

Allah ameteremsha sura nzima kwa ajili ya mtu huyo. Ni Sura ya 83, Al-Mutaffifin, na watoto wetu wa chuo wanaihifadhi mapema kwa kuwa imo katika Juzuu Amma. Iangalieni vizuri maana yake. Wanaolaaniwa mle ni watu wenye vipimo viwili: wakijipokelea wanataka kijae, wakiwapimia wengine wanapunguza. Basi mtu huyo anajua kipimo sahihi ni kipi. Anakijua kabisa, na anakidai siku anapokuwa yeye ndiye mpokeaji.

Sasa tulitoke soko la mchele, kwa maana katika mkoa wetu kuna kopo kubwa zaidi ya hilo, nalo halikaguliwi na mama yeyote.

Miaka iliyopita, baada ya swala ya alasiri, kijana mmoja alibaki msikitini watu walipotoka. Alikuwa mchimbaji wa kasiteriti, yaani madini ya bati, upande wa Kalima. Aliniambia kwamba kule shimoni walipima mfuko wake wakapata kilo hamsini. Alipovuka mto kutoka Alunguli na kufika depo ya mnunuzi, mizani ya pale ikasema arobaini na nne. Mnunuzi akakata tena kwa sababu ya maji, akakata tena kwa sababu ya chuma kilichomo. Kisha akafungua daftari akasoma madeni: mchele, sabuni, beleshi, dawa ya mtoto, na bei za vitu vile zilikuwa bei za mnunuzi. Kijana akatoka na pesa ya kupakia baiskeli kurudi, na deni jipya. Akaniuliza, shehe, nimuulize nani?

Nilimjibu asubiri, Allah yuko pamoja na wanaosubiri. Naye akaondoka.

Yule mnunuzi ndiye aliyekuwa ametuletea saruji ya ukuta wa uwani. Mimi nilijua, na kijana alijua. Sitamtaja mtu, na depo ile sasa haipo. Ninayemtaja ni mimi. Subira ni ibada, lakini kumwamuru aliyedhulumiwa kusubiri huku ukimnyamazia aliyedhulumu, hilo silioni katika kitabu chochote nilichokisoma kwa walimu wangu. Somo hili ni jibu ambalo kijana yule alistahili kulipata siku ile.

Kwanza tuijue biashara yenyewe. Bati letu la Maniema si jambo la juzi. Kampuni ya Symétain ilianzishwa mwaka 1932 na makao yake ya kazi yakawa Kalima. Mwaka 1976 kampuni kadhaa ziliunganishwa zikawa SOMINKI, na wazee wengi hapa wamekula mshahara wake. Bei ya bati ulimwenguni ilipoanguka mwezi wa kumi mwaka 1985, kazi ilianza kudhoofika, na mwaka 1997 SOMINKI ikafikia mwisho wake. Baada ya hapo aliyebaki na beleshi ni raia. Yeye anachimba, negosia ananunua, kontwari inasafirisha, viwanda vya kuyeyusha vya Asia vinatengeneza bati safi, na sehemu kubwa ya bati hiyo inatumika kuunganishia nyaya ndani ya simu, redio na mashine. Simu iliyomo mfukoni mwako unaposoma karatasi hii huenda ina chembe ya Kailo au Punia ndani yake.

Bei ya bati inatangazwa kila siku ya kazi katika soko la madini la London. Mwezi wa tatu mwaka 2022 ilifika kama dola 50,000 kwa tani, na kabla ya mwaka huo kwisha ilikuwa imeshuka chini ya dola 20,000. Negosia anaiona bei hiyo katika simu yake. Mchimbaji aliyeko porini bila mtandao haioni. Na hapa kuna ajabu ambayo wachimbaji wote wanaijua: bei ikishuka London asubuhi, habari inafika shimoni jioni. Ikipanda, habari inachelewa njiani kama treni ya Kalemie.

Mas-ala hii, ndugu zangu, Mtume (S.A.W.) aliitolea hukumu zaidi ya miaka elfu moja mia nne iliyopita. Wanavyuoni wanaiita talaqqi rrukban, yaani kuwatokea wenye msafara njiani. Watu wa mjini walikuwa wakitoka kwenda kuwapokea wachuuzi wa bara kabla hawajaingia sokoni, wakanunua mali yao kwa bei ya chini kwa sababu wale hawajui sokoni kuna bei gani. Mtume akakataza. Na katika riwaya ya Imam Muslim, muuzaji akishafika sokoni akaijua bei, anayo hiari ya kuivunja biashara ile. Tazameni alivyoilinda haki ya asiyejua! Hakusema kwamba mgeni amekubali kwa mdomo wake basi yamekwisha. Ridhaa ya mtu uliyemficha habari ina kasoro.

Simaanishi kwamba negosia asipate faida. Analipa usafiri, analipa vibali, anabeba hatari ya barabara na ya bei kuanguka mali ikiwa njiani. Faida yake ni halali, na Mtume mwenyewe alifanya biashara. Anayoulizwa ni matatu: uzito uwe uzito, sifa ya mali isemwe kwa kweli, na bei ya siku isifichwe. Hapo aongeze faida yake waziwazi, na mchimbaji akubali au akatae akiwa anajua.

Na haki hii inakata pande zote mbili. Wapo wachimbaji wanaochanganya mchanga mweusi wa chuma katika mfuko, wanaweka mawe mazuri juu na takataka chini, wanamwagia maji usiku ili uzito uongezeke. Hao nao wanayo hadithi yao. Mtume (S.A.W.) alipita sokoni akatia mkono ndani ya chungu ya nafaka, vidole vikatoka vimelowa. Mwenye nafaka akajitetea kuwa ni mvua. Akaulizwa kwa nini hakuiweka iliyolowa juu, watu waione, kisha akaambiwa neno zito juu ya mwenye kughushi, kwamba hayuko pamoja naye. Basi kijana usiniambie kwamba negosia ni mwizi nawe ukamwibia ili mlingane. Kuna sumaku ya kutoa chuma, na kuna jua la kukausha. Itumike sumaku mbele ya wote wawili, chuma kitoke kipimwe, kisha hakuna wa kukata kwa kukisia.

Ama habari ya deni la daftari, hapo ndipo penye moto. Negosia anatoa mchele na beleshi kabla ya kazi, kwa sharti kwamba mawe yote lazima auziwe yeye, kwa bei yake. Mkopo wenye sharti la kumnufaisha mkopeshaji, wanavyuoni wanauhesabu katika milango ya riba. Kuvaa kanzu hakuubadilishi. Lakini dini haikumfungia njia mwenye kutaka kutanguliza pesa. Ibnu Abbas (R.A.) amepokea kwamba Mtume alipofika Madina aliwakuta watu wakilipia tende mwaka au miaka miwili kabla, akawaelekeza: kipimo kijulikane, uzito ujulikane, muda ujulikane. Ndiyo biashara ya salam. Toa pesa leo taslimu, mkubaliane kilo ngapi, za sifa gani, tarehe gani, kwa bei gani, na muandike. Aya ndefu kuliko zote katika Qur'an, iliyo katika Al-Baqara, inazungumzia kuandika deni, mwandishi wake na mashahidi wake. Deni linaloandikwa na mtu mmoja, likasomwa na mtu huyohuyo, kwa mtu asiyejua kusoma, halijatimiza aya hiyo hata robo. Kama kijana hajui kusoma, naye ana shangazi, ana mwalimu wa chuo, ana mjumbe wa koperative yake. Asimamiwe na mmoja wao.

Mtu atasema, shehe, mambo haya yameshatengenezwa, siku hizi kila mfuko una etiketi. Nami nataka kulieleza hilo kwa sababu wengi wanachanganya.

Mwezi wa saba mwaka 2010 Marekani ilitunga sheria iliyozitaka kampuni zake kuchunguza kama bati, koltani, wolframu na dhahabu wanazotumia zinawalisha wenye silaha katika Kongo na nchi jirani. Tarehe 11 Septemba mwaka huohuo serikali yetu ikasimamisha uchimbaji katika Kivu ya Kaskazini, Kivu ya Kusini na Maniema, mpaka tarehe 10 Machi 2011. Wengi mnakumbuka miezi ile, na hata ilipofunguliwa wanunuzi wa nje walikuwa hawataki jiwe lisilo na alama. Mwaka 2012 mpango wa ITSCI ukaanza Maniema: wakala wa serikali, SAESSCAM, ambayo sasa ni SAEMAPE, anafunga etiketi yenye namba penye mgodi, na Divisheni ya Madini inafunga nyingine kwa negosia. Tangu Januari 2021 Umoja wa Ulaya nao unawalazimisha waingizaji madini wakubwa kufanya uchunguzi.

Etiketi ina kazi yake. Inasema jiwe limetoka wapi, na nia ni damu ya watu isichanganyike na biashara. Hata katika hilo kumekuwa na lawama: mwaka 2022 shirika la Global Witness lilitoa ripoti likidai kwamba mawe ya sehemu zisizoruhusiwa yalifungwa etiketi za sehemu nyingine, na ITSCI wenyewe wakayakana madai hayo. Lakini tufanye kwamba kila etiketi ni ya kweli. Mzungu anaisoma namba na kujua mfuko umetoka Kalima. Je, inamwambia kwamba mizani ya depo ilikula kilo sita? Inamwambia bei ya sabuni katika daftari? Etiketi imefungwa kwenye mdomo wa mfuko, nayo inanyamaza juu ya hayo yote. Aliyekuwapo ni negosia, mchimbaji na Malaika wawili wa kila mmoja wao.

Na wewe unayesema kwamba hizi ni kilo mbili tatu tu, mambo madogo ya soko, nikukumbushe soko la Nyangwe. Ni hapahapa Maniema, juu ya mto wetu huuhuu Lualaba. Tarehe 15 Julai 1871 soko lilikuwa limejaa, wengi wao wanawake waliovuka kwa mitumbwi na bidhaa zao. Waliingia watu watatu wenye bunduki, wa misafara ya wafanyabiashara waliotoka pwani. David Livingstone alikuwapo, na ameandika kwamba alimwona mmoja wao akibishana juu ya bei ya kuku. Hazikupita dakika nyingi bunduki zikalia. Wanawake wakakimbilia mitumbwi, ikapinduka, mto ukawachukua. Wenye misafara wenyewe walikisia waliokufa kuwa kati ya 330 na 400. Habari ile ilipofika Uingereza iliongeza msukumo uliofanya soko la watumwa la Unguja lifungwe mwaka 1873.

Sikulisoma jambo hili chuoni, hatukufundishwa. Tulifundishwa kwamba dini ilitufikia kwa njia ya biashara, na ni kweli, na tunamshukuru Allah kwa hilo. Lakini waliopiga bunduki Nyangwe walikuwa na majina kama yetu, na huenda wengine walikuwa wameswali alfajiri ya siku ile. Hawakuamka wakisema leo tutaua watu mia tatu. Waliamka wakiwa wamekwisha zoea kwamba mwanamke wa sokoni hana wa kumtetea, na kwamba bei ni ile anayoitaka mwenye nguvu. Simfananishi negosia wa leo na wauaji, Allah aniepushe na dhana mbaya. Nasema tu kwamba mlango ulikuwa ni huohuo, bei ya kuku.

Nabii Shuaib (A.S.) alipotumwa Madyan, kama inavyoelezwa katika Surat Hud, aliwaambia wamwabudu Allah peke yake, na neno la pili moja kwa moja likawa kipimo na mizani. Watu wake wakamuuliza kwa kejeli kama swala yake ndiyo inayomwamuru kuingilia namna wanavyotumia mali zao. Swali hilo nami nimeulizwa hapa Kindu, na mtu aliyekuwa amevaa kofia nzuri kuliko yangu. Jibu ni ndiyo. Swala ndiyo inayoamuru.

Wapo watakaosema wajibu wa kuijenga nchi ni wa makampuni makubwa. Hayo nayo yana hesabu yake, tena ya karatasini. Kodi ya madini yenye vibali, katika Sheria ya Madini iliyorekebishwa mwaka 2018, inagawanywa: asilimia 50 kwa serikali kuu, 25 kwa mkoa, 15 kwa sekta, uchifu au mji ambamo madini yanatoka, na 10 kwa mfuko wa vizazi vijavyo. Tena kampuni inatakiwa itenge angalau asilimia 0.3 ya mauzo yake kwa maendeleo ya wenyeji, na iandikiane nao mkataba wa majukumu. Karatasi hizo si siri. Wenyeji wana haki ya kuuliza fedha imefika au haijafika, na vijana wetu waliosoma wawasaidie wazee kuzisoma. Lakini ulimi wa kuuliza makampuni utakuwa mzito ikiwa sisi wenyewe depo zetu zina mizani mbili.

Sasa kwa aliyekwisha kula. Ndugu yangu, dhambi iliyo baina yako na Mola wako unaomba msamaha usiku, nawe unatumaini. Haki ya mja mwenzako haifutwi namna hiyo. Sharti mojawapo la toba ni kumrudishia mwenyewe, au akusamehe kwa hiari yake akiwa anajua kiasi gani. Daftari la zamani unalo, majina yamo. Aliyekufa ana warithi. Usipompata kabisa, baada ya kumtafuta kwa kweli, toa sadaka kwa niaba yake, thawabu ziwe zake na si zako. Kwa hiyo, usituletee sisi msikitini saruji ya haki ya mtu anayejulikana anakoishi. Yeye ndiye aliyeikosa, na nyumba yake huenda inavuja kuliko uwa wetu.

Kamati ya msikiti imekubaliana nami juu ya hili, baada ya mazungumzo marefu ambayo hayakuwa matamu yote. Kuanzia sasa, mfanyabiashara akileta mchango mkubwa tutamuuliza kwa adabu, faraghani, kama kuna mchimbaji, mpagazi au mama wa soko anayemdai. Akikasirika, tutamwombea. Ule ukuta wa uwani hatutaubomoa, lakini thamani ya saruji yake tumeiandika kama deni la msikiti. Yule kijana nimemtafuta Kalima mara mbili kwa watu wanaokwenda huko. Anayemjua mchimbaji aliyebaki na mimi msikitini alasiri ile, au mwenyewe akiisoma karatasi hii, aje nyumbani kwangu wakati wowote.

Na Jumamosi ya wiki hii, baada ya swala ya alfajiri, mbele ya mlango wa msikiti, kutakuwa na mizani na mawe ya kupimia ya kilo moja, mbili, tano na kumi. Mwenye kopo la soko alilete, akina mama walete makopo yao ya nyumbani, na mwenye balansi ya depo aje nayo au atuite tuifuate aliko. Tutalinganisha mbele ya watu. Kopo lililopungua halitatajwa mwenyewe. Ataombwa alinyooshe palepale, na nyundo itakuwapo.

Wabillahi tawfiq. Wassalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh.

(Karatasi hii ina aya ndani yake kwa maana. Tafadhali usiitupe njiani wala usifungie karanga.)